Sakafu Juu ya Sakafu

Kulaza sakafu mpya ya mbao juu ya ile ya zamani huanza kwa kung'oa mlango. Hatua hii huwaelea zaidi waliowahi kuiruka. Ubao wa milimita 20 hupandisha sakafu kwa milimita 20, na mlango unaofungukia ndani hauna habari. Huko Isikizya, makao makuu ya Wilaya ya Uyui, wiki iliyopita fundi alijifungia chumbani ili kuku wasimkanyagie kazi, akapigilia mpaka kizingitini, akashika kitasa. Mlango ukagota. Dirisha lina nondo. Bawaba zilikuwa upande wake, akazichomoa pini; lakini mlango haukuvutika ndani kwa kuwa chini umezuiwa na sakafu, wala haukuinuka kwa kuwa juu umebanwa na fremu. Ikabidi abandue mbao za mlangoni, ambazo ndizo alizozipigilia kwa ufundi kuliko zote. Majirani walijaa dirishani na ushauri, chai ikapitishwa kati ya nondo. Mwenye nyumba aliuliza kupitia tundu la ufunguo kama saa hizo nazo zinalipiwa.

Linalofuata ni maji yaliyomo ndani ya ubao, nalo ni la ajabu kweli. Mti ukikatwa, maji yaliyojaa kwenye vijitundu vyake hutoka kwanza, na ubao haubadiliki. Kuta zenyewe za vijitundu zinapoanza kukauka ndipo ubao husinyaa, tena kwa upana. Urefu hubaki karibu vilevile. Mvua za Novemba zikirudi, unyevu wa hewani huingia, ubao ukavimba. Ndiyo maana mbao hupangwa chumbani siku kadhaa kabla ya kupigiliwa, na nafasi ya kama kidole huachwa kando ya kuta. Mninga husifika kwa kutocheza na unyevu. Unaota hukuhuku, kwenye miombo ya Tabora, lakini mkavu na ulionyooka hupanda lori, na mwenyeji huuziwa mbichi kwa bei ya mkavu, akihakikishiwa kwamba utakaukia sakafuni. Hukaukia kweli, ukaacha nyufa za kumeza sarafu, na aliyeuza hapokei simu.

Mbao mpya hukatiza zile za zamani, zisifuate mianya yake. Zinazolia hukazwa kwanza kwa skrubu kwenye boriti. Palipoliwa na mchwa hapafunikwi. Skatingi hupigiliwa ukutani, si sakafuni, ili mbao zitanuke chini yake bila kuing'oa.