Kumi Hadi Moja: Kikapu cha Marekani kwa Hesabu za Gwata

Gwata, iwe upande wa Kibaha au wa Kisarawe, ubishi una mada mbili: Simba na Yanga. Mada ya tatu huzuka pale kijana mrefu anapopita barabarani. Hapo kijiwe kizima kinageuka wakala wa NBA: "We dogo, urefu wote huo unaupeleka shamba? Nenda Marekani ukacheze kikapu!" Dogo anacheka, anabeba jembe lake, anapita. Mawakala wanarudi kwenye bao.

Basi leo tuwape mawakala hawa data. Tunahesabu kwa kushuka, na kila namba ina kisa chake katika kikapu cha Marekani. Mwenye kubisha aje na kahawa yake.

10. Futi kumi

Desemba 1891, mjini Springfield, jimbo la Massachusetts, mwalimu James Naismith alikabidhiwa darasa la vijana watukutu waliofungiwa ndani na baridi. Akabuni mchezo. Aliomba maboksi mawili, mtunza jengo akamletea makapu mawili ya mapichi. Wakayapigilia kwenye ukingo wa roshani, na ukingo ule ulikuwa futi kumi kutoka chini. Basi, imetoka hiyo. Hakuna kamati, hakuna semina elekezi yenye posho. Zaidi ya miaka 130 baadaye, LeBron James anadanki kwenye goli la mita 3.05 kwa sababu ya fundi wa roshani ambaye jina lake hatulitaji popote.

Makapu yalikuwa na kitako, kwa hiyo kila likifungwa goli mtu anapanda ngazi kuutoa mpira. Hawakupanda sana: mechi ya kwanza iliisha 1–0. Mashabiki wa ligi yetu wangejisikia nyumbani.

Ila shika hili moja, tutalihitaji huko mbele: mchezo huu ulizaliwa ndani ya jengo, juu ya sakafu.

9. Saa tisa usiku

Wakati wa baridi kule, mechi inayoanza saa moja na nusu jioni New York huku kwetu inaanza saa tisa na nusu usiku. Ya Los Angeles ya saa hiyo hiyo inakukuta saa kumi na mbili na nusu asubuhi, unatafuta mswaki. Ndiyo maana banda umiza halina habari na NBA: nani akeshe na jenereta kwa ajili ya wateja wawili, mmoja amelala?

Kwa hiyo shabiki wa NBA wa huku ni mtu wa vipande. Anaamka, ananunua bando, anatazama danki tano za sekunde kumi kumi, kisha anaingia kijiweni mtaalamu kamili. Muulize timu ilikabaje robo ya nne. Utasikia, "Hivi bei ya korosho imefikia ngapi?"

8. Namba nane amtoa namba moja

Mwaka 1994 Denver Nuggets waliingia mtoano wakiwa wa nane upande wa Magharibi, yaani wamepitia dirishani. Wakapangiwa Seattle SuperSonics, vinara wenye ushindi 63. Seattle wakashinda mechi mbili za kwanza, watu wakaanza kukunja viti. Denver wakashinda tatu zilizofuata. Ilikuwa mara ya kwanza katika NBA kwa namba nane kumtoa namba moja.

Nguzo yao ilikuwa Dikembe Mutombo, mzaliwa wa Kinshasa, aliyeblok mipira 31 katika mechi hizo tano. Filimbi ya mwisho ilipolia alijitupa sakafuni chali, mpira kaukumbatia kwa mikono miwili juu ya uso, kicheko na kilio vikigombania mdomo mmoja. Baadaye akawa maarufu kwa kidole: ukirusha, anaupiga mpira kofi, kisha anakutingishia kidole kama bibi anayemkataza mjukuu sukari.

Mutombo alikwenda Marekani akitaka kuwa daktari. Udaktari hakuupata, badala yake akajenga hospitali nzima Kinshasa, yenye jina la mama yake, Biamba Marie, iliyofunguliwa 2007. Alifariki 2024. Kwa huyu hakuna utani.

7. Zamu ya saba

Kila mwaka NBA hufanya drafti: timu zinachagua chipukizi kwa zamu, mmoja mmoja. Sasa tazama zamu ya saba. Mwaka 2004: Luol Deng, Msudani Kusini. Mwaka 2011: Bismack Biyombo wa Lubumbashi. Mwaka 2015: Emmanuel Mudiay, mzaliwa wa Kinshasa. Mwaka 2021: Jonathan Kuminga wa Goma, ambaye mwaka uliofuata tu alikuwa bingwa na Golden State Warriors.

Lubumbashi na Goma! Hao ni watu wa kusalimiana nao kwa Kiswahili bila mkalimani. Biyombo huyo, Mei 2016 akiwa na Toronto, alinyakua ribaundi 26 katika mechi moja ya mtoano dhidi ya Cleveland ya LeBron. Vijana wa mikeka wa Mlandizi, namba ya kuweka mmeshaiona. Mkiliwa, hatujuani.

6. Pointi tatu mara sita

Wengi hapa watataja mataji sita ya Michael Jordan na Chicago Bulls, 1991 hadi 1998. Sawa, tumeyaona, jezi namba 23 tumeinunua mtumbani hadi imechanika kwapani. Lakini sita yetu ni ya Manute Bol.

Manute alikuwa Mdinka wa Sudan Kusini, mita 2.31. Msimu wake wa kwanza na Washington, 1985–86, aliblok mipira 397. Miaka miwili baadaye timu ikamletea mwenzake Muggsy Bogues, mita 1.60. Wakipigwa picha pamoja, mpiga picha anachagua: kichwa cha mmoja au miguu ya mwingine.

Mwaka 1993, akiwa na Philadelphia, walicheza ugenini Phoenix. Nusu ya pili Manute akasimama mbali kabisa na goli, akaanza kurusha mpira kutoka nyuma ya kichwa, mtupo ambao kocha yeyote angemfukuzia mtoto mazoezini. Ukaingia. Akarusha tena. Aliingiza sita, na mashabiki wa Phoenix wakawa wanamshangilia mgeni.

Pesa zake nyingi ziliishia kuwasaidia watu wake waliokimbia vita. Na huko Misri alimfundisha kikapu mtoto mmoja mkimbizi, jina lake Luol Deng. Rudi namba saba.

5. Watano wa Boston

NBA inahesabu umri wake tangu 1946, na hadi 1950 hakuwamo Mmarekani Mweusi hata mmoja. Mwaka huo Boston Celtics wakamchagua Chuck Cooper, na Earl Lloyd wa Washington akawa wa kwanza kuingia uwanjani. Hata hivyo makocha walikuwa na hesabu yao isiyoandikwa: Weusi wawili watatu, inatosha, watazamaji wasije wakanuna.

Desemba 26, 1964, mwaka ule ule wa Muungano wetu, kocha Red Auerbach wa Boston alianzisha watano, wote Weusi: Bill Russell, Sam Jones, K.C. Jones, Tom Sanders na Willie Naulls. Hakutoa hotuba. Mchezaji wake mmoja alikuwa majeruhi, naye akapanga waliokuwa bora. Mwaka 1966 Russell akapewa na ukocha, Mweusi wa kwanza kuinoa timu ya NBA, huku akiendelea kucheza. Alimaliza na mataji kumi na moja. Pete kumi na moja, vidole kumi: hiyo ndiyo shida ya kutakiwa kuwa nayo maishani.

4. Midundo minne

Mei 12, 2019, Toronto. Mechi ya saba dhidi ya Philadelphia, 90–90, sekunde zimekwisha. Kawhi Leonard anarusha akiwa pembeni kabisa. Mpira unagonga ringi: moja. Unaruka, unagonga: mbili. Unavuka upande wa pili: tatu. Nne. Ukaingia. Katika midundo ile minne mtu angeweza kuomba toba na kubadilisha dini. Toronto wakaendelea hadi ubingwa, timu ya kwanza kutoka nje ya Marekani kulichukua kombe.

Aliyeisuka timu ile, na kumleta Kawhi, ni Masai Ujiri: baba Mnigeria, mama Mkenya. Ukiitwa Masai, hata usipoeleza kwenu ni wapi, watu wa Afrika Mashariki wanakutengea kigoda. Naye kupitia asasi yake ya Giants of Africa ameahidi kujenga viwanja 100 barani Afrika. Zingatia: viwanja. Hakuahidi fulana.

3. Mstari wa pointi tatu

Mstari huu NBA ilirithi kwa marehemu. Ligi pinzani iitwayo ABA, iliyocheza kwa mpira wa rangi nyekundu, nyeupe na bluu, ndiyo iliyoupa umaarufu. ABA ilikufa 1976, timu zake nne zikahamia NBA, na kuanzia msimu wa 1979–80 mstari nao ukapata makazi mapya. Wazee walisema ni mchezo wa sarakasi.

Kisha akaja Stephen Curry, mita 1.88 hivi, urefu wa mtu unayeweza kukutana naye akisubiri daladala Mlandizi. Msimu wa 2015–16 aliingiza mitupo 402 ya pointi tatu. Baba yake, Dell Curry, alicheza NBA misimu 16, na mtoto alikulia pembeni ya uwanja akirusha mpira kabla ya mechi za baba. Mtoto wa nyoka ni nyoka, ila huyu na shimo alikuta limeshachimbwa, lina taa na sakafu ya kung'aa.

2. Zamu ya pili

Juni 25, 2009, New York. Drafti. Wa kwanza Blake Griffin. Wa pili, akichukuliwa na Memphis Grizzlies: Hasheem Thabeet, mtoto wa Dar es Salaam, mita 2.21. Wa tatu James Harden. Wa saba, ile zamu yetu, Stephen Curry.

Wamarekani hawajatusamehe. Kila wakiandika orodha ya chaguo mbovu, Hasheem yumo, na kijiweni kuna watu wanaimeza kama ilivyo. Haya, tubishane kwa haki. Griffin wa kwanza aliumia goti, msimu mzima hakugusa uwanja, mbona hamumcheki? Ni kweli Februari 2010 Memphis walimshusha Hasheem hadi ligi ya maendeleo, timu ya Dakota Wizards. Mtu wa Dar, Dakota Kaskazini, mwezi wa pili: kutoka nje tu kwenda mazoezini kulistahili medali. Alipita pia Houston, Portland na Oklahoma City, akacheza mechi 224 hadi 2014.

Na hapa ndipo mawakala wa kijiwe wanyamaze kidogo. Hasheem alianza kikapu akiwa na miaka 15. Kumi na tano! Umri huo Curry alikuwa amekwisha kurusha mipira isiyohesabika mbele ya kocha anayelala chumba cha jirani. Urefu ulimfungulia Hasheem mlango, na kwa hiyo miaka michache alifika mbali kuliko Mtanzania yeyote: hadi leo ni yeye peke yake aliyecheza NBA. Kilichopungua ni miaka kumi ya utotoni, na hiyo haiuzwi Memphis.

1. Pointi moja

Julai 20, 2024, London. Marekani ya LeBron na Curry inapasha misuli kwa Olimpiki, mpinzani Sudan Kusini, nchi huru tangu 2011 na mwenzetu wa Jumuiya ya Afrika Mashariki tangu 2016. Hadi mapumziko Sudan Kusini wanaongoza kwa pointi 14. Zikiwa zimebaki sekunde nane, LeBron anapenya na kufunga. Marekani 101, Sudan Kusini 100. Wiki moja baadaye, kwenye Olimpiki yenyewe, Sudan Kusini wakaifunga Puerto Rico 90–79. Rais wa shirikisho lao wakati huo alikuwa nani? Luol Deng, yule mtoto wa Misri, mwanafunzi wa Manute.

"Si umeona? Ni warefu!" atasema wakala. Warefu wamekuwepo Sudan Kusini karne na karne. Lakini wakati ule nchi yao haikuwa na uwanja hata mmoja wa ndani wa kikapu, na wengi wa wachezaji wale walikulia Australia, Marekani, Kanada, Kenya na Uganda. Yaani urefu walitoka nao nyumbani, sakafu wakaikuta ugenini.

Kandanda haina makuu. Chandimu unaipiga popote, mpira wa makaratasi na kamba, magoli ni kandambili nne. Kikapu kina madai: mpira lazima udunde. Udundishe kwenye mchanga wa Gwata uone. Utatua chini pwa, na wewe utabaki umeinama unaungoja. Ndiyo maana vijana wa Dar wana Don Bosco na JK Youth Park pale Kidongo Chekundu, na huku tuna mawakala. Kinachotakiwa si miujiza: zege lililosawazishwa, nguzo mbili, mbao mbili, ringi mbili kwa futi kumi za Naismith, na watoto wa miaka mitano, si kumi na tano.

Kwa hiyo mgombea atakayekuja kampeni na jezi na mipira ya kikapu tumpokee vizuri, tumkatie dafu, tumpigie vigelegele. Kisha mmoja asimame amuulize: mheshimiwa, na saruji iko kwenye lori gani?