Choo cha Sultani

Jamani, kodi nalipa mimi, lakini anayeishi kwa raha pale ndani ni Sultani. Sultani ni paka. Na si paka hivihivi, ni wa mama mwenye nyumba. Kwa hiyo jiwe harushiwi, ndala harushiwi, hata kumfukuza namfukuza kwa adabu, hasa tarehe za kudaiwa.

Nina ndoo za rangi barazani, nimezitoboa chini, nimepanda giligilani na mnanaa. Udongo nimeuchekecha mwenyewe, nikachanganya na samadi iliyokauka, ukawa laini kama unga wa sembe. Kumbe paka anatafuta hichohicho! Yeye lazima afukie mambo yake, na udongo mkavu mwepesi ndio choo chenyewe. Mimi nahangaika na kilimo, mwenzangu anaona huduma zimeboreshwa. Stendi ukibanwa unalipa. Kwangu bure, na miche anang'oa.

Bibi wa nyumba ya pili akaniambia paka hapatani na harufu ya machungwa, tia maganda. Haya. Nikaenda kwa kijana wa mkokoteni pale kona, nikaomba maganda. Akaniangalia viatu. Akaniangalia tumbo. Akamenya chungwa, akalikata, akalitia chumvi na pilipili, akanipa. "Kula tu mzee wangu, mambo yatakaa sawa." Watu wamejaa pale, mmoja nasali naye. Nikala, ningefanyaje? Na maganda yenyewe yakikauka harufu inakata, inabidi uende tena. Siku hizi kijana akiniona kwa mbali tu, kisu mkononi.

Nikahamia kwenye kokoto. Unazitandaza juu ya udongo, maji yanapita, shina linapita, kucha hazipati pa kuchimba. Hii inafanya kazi, nakwambia. Ila mimi nilijua mawe ni ya Mungu, nikachota kwenye lundo la jengo la jirani. Mlinzi akanirudisha nazo, ndoo kichwani, mbele ya genge zima. Kuna aliyenipa pole akidhani nimepata kibarua.

Nikanunua. Ndoo zikapona. Sultani naye, kufungiwa choo, akaanza kujisaidia mlangoni. Mama watoto akachoka na kelele zangu, akachukua beseni bovu, akalijaza mchanga, akaliweka nyuma ya nyumba. Basi! Paka kaenda mwenyewe, wala hakufundishwa.

Nikadhani yameisha. Sasa mama watoto ni mjamzito, na mjamzito hatakiwi kugusa kinyesi cha paka. Kinaweza kuwa na vijidudu, vikimwingia mama vinaweza kumfikia mtoto tumboni. Beseni lisafishwe kila siku, maana vijidudu vikikaa siku moja hadi tano ndipo vinakuwa vya hatari. Asafishe nani? Mwenye paka kasema yeye mgongo unamuuma.

Leo asubuhi nimeinama pale na kijiko cha bati, Sultani kakaa pembeni ananikazia macho. Namaliza tu, hata sijanyanyuka, kaingia.