Shujaa Hata Kuruka Hajui

Jamani, nani aliwaambia watengeneza gemu kwamba mtu akitoka shamba anataka kumwangalia mwingine akijifunza kazi? Shujaa wa zamani alikuja ameshaiva. Anapaa, anapiga, kwisha. Siku hizi wanakupa mwanagenzi. Ana nguvu za ajabu, hajui kuzitumia. Na mimi sijui kuzitumia. Sasa nani amwelekeze mwenzake?

Mpwa wangu kaja Kibiti likizo na laptopu, kanikalisha mbele ya gemu inaitwa Aurion. Kiro'o Games ndio walioitengeneza, watu wa Yaoundé, Kameruni, ikatoka 2016. Mwenzenu nilijua gemu zote zinatoka Japani. Humo kuna mwana wa mfalme, Enzo, wa nchi ya Zama. Siku ya kutawazwa ndiyo hiyo hiyo ya harusi yake. Shemeji mtu anampindua. Pilau halijapoa! Basi anafungasha na mkewe Erine, wanazunguka dunia kutafuta nguvu za mababu ili arudi kudai kiti. Mimi na mashemeji zangu tunajuana wenyewe, lakini hata wao siku ya harusi yangu walikula kwanza.

Kasheshe ikaja kwenye maelekezo. Kiingereza kitupu, au Kifaransa ukipenda. Nabonyeza, Enzo anatazama ukuta. Nabonyeza kwa hasira, anaruka, anatua pale pale. "Siyo hivyo, mjomba." Mtoto wa darasa la sita huyo! Kanishika kidole kimoja kimoja, kanipangia kwenye kibodi, mbele ya jirani aliyekuja kuomba chumvi. Chumvi kapewa, haondoki. Mke wangu wala hakucheka. Alisema tu, "Mwache mjomba wako apumzike." Bora angecheka. Huko juu ya mto wetu Bwawa la Julius Nyerere lina mitambo ya megawati 2,115, mimi mwana wa Rufiji nguvu za kumvusha mtu kichuguu sina.

Nikaona niokoe heshima kwa mdomo. Nikamwambia, wewe, mashujaa wanagenzi walianzia hapa hapa, ng'ambo ya mto, Ngarambe. Kinjikitile Ngwale. Wazee wanasimulia kwamba mwaka 1904 alipandwa na mzimu Hongo, akazama mtoni, ndugu wakamvuta wakashindwa. Kesho yake katoka, nguo kavu! Akawa anagawa dawa ya maji, na mbegu za nyonyo na mtama, ili risasi ya Mjerumani igeuke maji. Akawaambia wasubiri amri yake. Nani wa kusubiri? Julai 1905 kule Nandete watu wakang'oa pamba ya Mjerumani. Tarehe 4 Agosti Wajerumani wakamnyonga Kinjikitile huko Mohoro, na vita vya Majimaji vikaendelea bila yeye mpaka 1907.

Mtoto akaifunika laptopu. Kwa mara ya kwanza ananitazama usoni.

"Mjomba, hii ndiyo gemu. Nitaitengeneza mimi."

Kifua kikanijaa. Nikamuuliza, na mimi nimo?

"Umo. Utasimama kisimani. Shujaa akipita unamwambia njia."

"Tu?"

"Tu. Na maneno nitakuandikia mimi."

Nikauliza posho. Akasema watu wa aina yangu kwenye gemu hawalipwi, wengi hupigwa tu na mchezaji ili aone kama wana hela.

Jirani na chumvi yake akauliza kama mimi nitakuwa nazo.