Yah: Kuomba Kukutanishwa na Ndugu Soko

Kwa Mthamini Mkuu wa Serikali,
Dodoma.

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu.

Genkuru, kijiji cha ukanda wa Nyamongo wilayani Tarime, jirani na mgodi wa dhahabu wa North Mara, kinaomba kwa heshima zote kukutanishwa na Ndugu Soko. Jina lake linatajwa huku kuliko la mwenyekiti wa kitongoji. Watu wanahamishwa kwa kauli yake, lakini sura yake haijapata kuonekana. Wathamini wakifika na tepu na makabrasha, mwenye shamba husimamishwa mbele ya nyumba yake, akapigwa picha ameshika kibao chenye namba, mithili ya mtuhumiwa. Akiuliza bei kapanga nani, jibu ni neno moja: soko.

Basi soko limetafutwa. Pa kwanza ni mnadani, na huko kweli bei ipo. Mnunuzi anataja yake, anasonywa, anageuka kama anaondoka, anaitwa, anarudi. Mkurya hahitaji semina ya ujasiriamali. Hata mahari huku hujadiliwa ng'ombe kwa ng'ombe, wazee wakibishania mtamba mmoja mpaka jua linazama. Ila mnadani mwenye ng'ombe asiporidhika na bei, humswaga mnyama wake akarudi naye nyumbani. Shamba likishachorwa ndani ya mpaka wa mgodi halirudi nyumbani na mtu.

Vitabu vya fani ya uthamini vinasema thamani ya soko ni ile wanayokubaliana mnunuzi aliye radhi na muuzaji aliye radhi, wote wakiwa na taarifa na hakuna anayeshurutishwa. Maneno mazuri. Genkuru mnunuzi ni mmoja, na muuzaji hakutangaza kuuza.

Kanuni za fidia za mwaka 2001, zilizotungwa chini ya Sheria ya Ardhi ya 1999, zinaelekeza kuwa bei ya ardhi ipatikane kwa kulinganisha na mauzo halisi ya karibuni ya mali inayofanana. Hapa ndipo Genkuru inapoona inaweza kuisaidia ofisi yako, maana mauzo ya karibuni yapo, na hayakufanyika gizani. Mgodi ulianza kuzalisha mwaka 2002. Mwaka 2003 ukaingia mikononi mwa Placer Dome ya Kanada. Mwaka 2006 Barrick ikainunua Placer Dome. Mwaka 2010 migodi ya Barrick nchini ikapelekwa Soko la Hisa la London kwa jina la African Barrick Gold, na mwaka 2014 jina likawa Acacia. Mwaka 2019 Barrick ikanunua hisa za Acacia zilizokuwa kwa wengine, kwa bei iliyoipa kampuni yote thamani ya takriban dola bilioni 1.2, Bulyanhulu na Buzwagi zikiwemo. Leo Serikali ina asilimia 16 na Barrick asilimia 84. Ardhi iliyouzwa na kununuliwa mara zote hizo inapakana na mashamba ya mihogo. Mthamini anayetafuta mali inayofanana angevuka tu uzio.

Jibu la kitaalamu linajulikana, na kwa haki lisemwe: Sheria ya Madini inatamka kuwa madini yote ni mali ya Jamhuri. Mwanakijiji ana haki ya udongo wa juu, ule wa jembe, na kilicho chini si chake. Sawa. Lakini hakuna mwekezaji aliyesafiri kutoka Toronto kufuata udongo wa jembe. Ndugu Soko huyu akiwa London anaona mpaka chini kabisa ya mwamba, ila akivuka Mto Mara macho yake yanaishia kwenye mizizi ya muhogo.

Tena anatembea kwa mwendo wa aina mbili. Huko London bei ya dhahabu hupangwa mara 2 kila siku ya kazi, saa 4:30 asubuhi na saa 9 alasiri kwa saa zao, utaratibu ambao mizizi yake ni ya mwaka 1919. Huku uthamini wa fidia ukishaidhinishwa, Sheria ya Uthamini ya 2016 inauacha uishi miaka 2. Dhahabu inapumua asubuhi na jioni. Shamba linaambiwa libane pumzi.

Ofisi yako itasema: na tegesha je?

Naam, tegesha. Fununu zikivuma kwamba mgodi utapanuka kuelekea upande fulani, mabati na mbao hufika kabla ya barua ya wilaya. Ndani ya siku chache nyumba zinachomoza shambani: kuta za miti na udongo zilizopakwa saruji nyembamba ya mbele tu, mlango wa bati, choo hakuna, jiko hakuna. Miche inasongamana kama ulezi, hata jembe halipiti kati yake. Jioni moshi unafuka nyumba moja kati ya nyingi, na hapo ndipo panapoishi mtu. Nyingine zote zinamsubiri mthamini.

Viongozi wameyaita haya utapeli. Kwa Genkuru ni mtihani wa somo mlilolifundisha wenyewe. Mtu anayenunua hisa akitarajia bei ipande anaitwa mwekezaji, na akipatia anaitwa mwenye maono. Anayenunua mabati 20 kwa matarajio yaleyale anaitwa mtegeshaji. Wote wawili wamesoma bei, wakaweka mtaji, wakasubiri.

Si kwamba tegesha inasifiwa hapa. Mwenye pesa kutoka mjini hutegesha nyumba 5 wakati mjane mwenye shamba hana hata bati la kuongezea kibanda. Madai ya uongo yakizidi, uhakiki unarudiwa upya, na aliyeishi pale miaka 30 anapangwa foleni moja na aliyefika Jumanne. Lakini ukitangaza kwamba kitu pekee chenye thamani ni kile kinachohesabika siku ya kuhesabu, usishangae watu wakitengeneza vya kuhesabika.

Hatari ya kuipa ardhi bei, jirani wa mkoa huuhuu aliiona mapema. Mwaka 1958 Julius Nyerere, mwana wa Butiama, aliandika kijitabu alichokiita Mali ya Taifa, akipinga mpango wa wakoloni wa kuifanya ardhi kuwa bidhaa ya mtu kumiliki na kuuza apendavyo. Alihofia kwamba katika nchi maskini wachache wangenunua na wengi wangebaki wapangaji. Nchi ikamsikiliza kwa miongo kadhaa. Sheria za 1999 zikatamka kwamba ardhi ina thamani na thamani hiyo izingatiwe. Yawezekana zilikuwa sahihi, kwani mtu kuondolewa kwenye ardhi na kulipwa mazao tu nako kulikuwa dhuluma. Shida ni kwamba thamani ilipokaribishwa, aliyeingia mlangoni ni Ndugu Soko peke yake, akakalia viti vyote.

Kanuni hizohizo zina ukarimu wake. Anayehamishwa hulipwa posho ya malazi ya miezi 36, na posho ya usafiri: gharama ya kubeba tani 12 za mizigo, kwa reli au barabara, ndani ya kilomita 20. Reli Mkoa wa Mara haijawahi kufika. Na kilomita 20 kwenda kaskazini zinamfikisha mtu karibu na Kenya. Akigeukia kusini anauvuka mto kuingia wilaya ya Serengeti, mwisho akakutana na hifadhi. Katikati ya hapo waliolipwa wote wanatafuta viwanja kwa mpigo, na huko Ndugu Soko huamka ghafla, akapandisha bei.

Kuna sheria moja Genkuru inaomba ofisi yako iisome upya. Ni Sheria ya Kuhamisha Makaburi ya 1969. Humo Serikali haikuuliza kaburi linauzwaje. Ilisema zilipwe gharama za kufukua, kusafirisha, kuzika upya, na ibada za kuwatuliza wafu. Kwa hiyo miaka 30 kabla ya Sheria ya Ardhi, Dola ilikwisha kujua kwamba kuna vitu havina mnunuzi na bado vina haki ya kulipiwa. Kijiji kinauliza tu kama mtu anaweza kuhesabiwa kwa sheria hiyo akiwa bado yu hai.

Ndugu Soko akipatikana, apande gari la Tarime ashukie Nyamongo, aulize mtoto yeyote njia ya Genkuru. Atapelekwa. Aje na viatu vya matope, na asigonge mlango wa nyumba yenye mabati mapya. Hakuna mtu ndani.

Nakala: Soko la Hisa la London, kwa taarifa.