Joka Likivunjika, Kodi Analipwa Nani?

Nina ugomvi na mungu wa wakati wa Tamriel. Anaitwa Akatosh, ni joka, na kazi yake ni moja tu: siku zifuatane. Jumatatu, kisha Jumanne, basi. Kazi yenyewe imemshinda, na badala ya kufukuzwa anajengewa mahekalu.

Tamriel ni bara la kubuni katika michezo ya kompyuta iitwayo The Elder Scrolls. Nimelijua kwa lazima, kwa kuwa mpwa wangu anayeishi nasi hucheza sebuleni saa mbili usiku, saa ya taarifa ya habari. Huko, wakati ukiharibika husema joka limevunjika. Siku zinaacha kufuatana, mambo yanayopingana yanatokea yote, kisha yanaungana tena, na kila mtu anatakiwa aamkie shughuli zake kama kawaida.

Nilimwuliza kijana nani aliyebuni uzembe huu. Akanieleza kwamba mwaka 1996 kampuni ya Bethesda ya Marekani ilitoa mchezo uitwao Daggerfall. Humo mna jitu kubwa la shaba, Numidium, na mchezaji ndiye anayechagua nani apewe uwezo wa kuliamrisha. Ukimpa Kaizari, Kaizari anashinda. Ukimpa Gortwog, kabila lake linalodharauliwa linapata ufalme wake. Ukimpa mchawi Mannimarco, anakuwa mungu. Vizuri. Taabu ikaja kwenye michezo iliyofuata: historia ya nchi ishike mwisho upi? Mtunzi wa kawaida angechagua mmoja, akala lawama. Wao wakasema yote yalitokea. Kwa mpigo! Joka lilivunjika, tuendelee.

Wakaandika na vitabu, vya kusomwa ndani ya mchezo, kulithibitisha jambo lenyewe. Ghuba ya Iliac, iliyokuwa na falme 44, iliamka ikiwa na falme nne. Mimi hapo namfikiria mwananchi. Amelala kwa mfalme wake mdogo, kodi ya kichwa kalipa, risiti kaificha chini ya godoro. Anaamka kwa mfalme mwingine, na karani wa huyo mfalme haitambui risiti. Akalalamike wapi, wakati aliyepokea hela amefutwa pamoja na meza yake?

Na hiyo ilikuwa ajali ya siku mbili tatu. Ile ya kale ilifanywa kwa makusudi. Kundi la washika dini, wafuasi wa Marukh, walitaka kumtakasa mungu wao, wakacheza ngoma juu ya mnara mpaka wakati ukakatika kwa miaka 1008. Inasemekana katika kipindi hicho kuna watu walizaa baba zao. Posa inapelekwa nyumba gani hapo? Mahari nani anapokea?

Nikadhani nimembana kijana: kama wakati haukuwapo, hiyo 1008 ilihesabiwa na nani? Akajibu bila kutoa macho kwenye skrini kwamba ilihesabiwa na Wakhajiit, watu-paka. Anga lao lina miezi miwili, na hiyo peke yake ndiyo haikuyumba, basi wakakaa wakiitazama. Nilinyamaza kwa heshima. Paka wamehesabu miaka elfu na nane, wakati mtaani kwetu mwezi mmoja tu wa Ramadhani nyumba ya kulia wanafunga leo, ya kushoto wanafunga kesho, na wote wana picha ya mwezi kwenye simu.

Kinachoniudhi zaidi ni kwamba elimu hii haikubaki kwenye kompyuta. Namtuma kijana umeme wa elfu kumi, mita inaonyesha wa elfu saba. "Joka hilo, mjomba." Vyombo vimeoshwa na havijaoshwa. Mke wangu, aliyekuwa upande wangu kwenye suala la taarifa ya habari, juzi ameunguza maharage akamsingizia Akatosh. Na fundi wangu cherehani, ambaye kompyuta haijui, nimegundua ni mkazi wa Tamriel wa siku nyingi: suruali yangu iko tayari, haijakatwa, na imeshachukuliwa na mwenyewe.

Jana dada yangu, mama wa huyu kijana, alipiga simu kutoka Tanga kuuliza kama ada aliyotuma imefika shuleni. Ilikuwa imefika jirani na shule. Nikaona kama joka linawafaa watu wote humu ndani, kwa nini lisinifae mimi mwenye nyumba? Nikamweleza taratibu, kwa sauti ya kitaalamu, kwamba ada imelipwa, pia haijalipwa, pia imeezeka bati mbili za jikoni, yote kwa mpigo, na kwamba mwisho wa mwezi mambo yataungana yenyewe.

Dada alinisikiliza mpaka mwisho. Akauliza basi la kwanza kutoka Tanga linaingia hapa saa ngapi.