Kopi ya Sura Moja si Wizi

Jana jioni kahawa ilipoa vikombeni, na kijiweni kwetu hilo si jambo la kawaida. Kijana mmoja wa mwaka wa pili chuoni, ambaye hupita hapa kila siku kununua kashata mbili, alifika akatoa shikamoo ya mdomoni tu, akajibwaga kwenye ncha ya benchi. Muuza kahawa akamuuliza, "Vipi mwanangu, kuna msiba?" Akajibu hakuna msiba. Katoka maktabani. Alitaka kutoa kopi ya sura moja, kurasa 22, mkutubi akamwonyesha karatasi iliyobandikwa juu ya mashine: MARUFUKU KUTOA KOPI YA VITABU. HAKIMILIKI. Kitabu chenyewe kiko kimoja, hakiruhusiwi kutoka nje, na darasa lao lina wanafunzi mia mbili na ushee. Mtihani wiki ijayo.

Nilisonya mpaka jirani yangu akageuka kunitazama.

Karatasi ile inasema uongo, jamani. Inasema uongo kwa jina la sheria, na kinachoniuma zaidi ni kwamba aliyeibandika ndiye ambaye sheria hiyohiyo imempa ruhusa.

Sheria yetu ya Tanzania ya Hakimiliki na Hakishiriki ni ya mwaka 1999. Watu wanaijua kwa makatazo yake, maana makatazo ndiyo yanayotangazwa. Lakini humo ndani mna kifungu kizima cha matumizi huru. Mtu kujinakilia kwa matumizi yake binafsi, ruksa. Kunukuu, ruksa, mradi umtaje mwenye maneno. Mwalimu kuitumia kazi ya mtu kama kielelezo cha kufundishia, ruksa. Na maktaba za umma pamoja na taasisi za elimu zimetajwa waziwazi: zinaweza kutoa nakala kwa kadiri ya mahitaji ya shughuli zao, mradi zisiharibu soko la kitabu wala zisimwumize mtunzi pasipo haki. Hayo si maoni ya kijiweni. Yamo kwenye sheria, na mkutubi mwenye dakika kumi anaweza kuyasoma.

Dada mwenye steshenari ng'ambo ya barabara, ambaye alikuwa amevuka kuja kuchukua kahawa yake, akashika kiuno. "Ina maana mimi ninayetoa kopi kutwa kucha ni mwizi au si mwizi? Niambieni leo nijue."

Hapo ndipo mwalimu wetu mstaafu alipokohoa. Yeye ameandika kitabu cha kiada, na kijiwe kizima tunakiheshimu. Akafungua mkoba wake akatoa nakala ya kitabu hicho aliyoinunua barabarani wiki iliyopita, ikiwa imepangwa kwenye turubai pamoja na vingine. Tukaipokezana. Jalada limefifia kama nguo iliyoanikwa juani mwezi mzima. Ukurasa wa 40 umejirudia mara mbili, wa 41 haupo. Jina lake mwenyewe limekosa herufi moja. "Hiki," akasema, "sikukiandika kwa wiki moja. Miaka minne. Na hapa sina hata senti." Alisema kwa sauti ya chini sana, na hakuna aliyejibu upesi.

Nami nasema, yule aliyekichapa kitabu kile kizima akakitandaza barabarani ni mwizi. Sitamtafutia neno laini. Kamnyang'anya mzee wa watu jasho la miaka minne, na kamuuzia mtoto wa mtu kitabu kilichokosa ukurasa. Huyo ndiye COSOTA, wasimamizi wa hakimiliki nchini, wanayetakiwa kumfuata mpaka mlangoni. Lakini tumemchanganya na kijana wa kurasa 22, tukawatia kapu moja. Matokeo yake, mwizi anaendelea kuuza kwa raha barabarani, na mwanafunzi anafukuzwa maktabani.

Mkitaka kuona tofauti hiyo ilivyopimwa mahakamani, twendeni Delhi.

Mwaka 2012 wachapishaji watatu wakubwa, Oxford University Press, Cambridge University Press na Taylor & Francis, walikishtaki kibanda cha kopi. Naam, kibanda. Kinaitwa Rameshwari Photocopy Service, kiko ndani ya eneo la chuo pale Delhi School of Economics, na Chuo Kikuu cha Delhi kikaunganishwa kwenye kesi. Kosa lao? Walimu walikuwa wakichagua sura hii kutoka kitabu hiki, kurasa zile kutoka kile, kibanda kinazitoa kopi na kuzibana pamoja kuwa kabrasha la somo, mwanafunzi analipia kopi na kwenda zake. Wanafunzi hawakukaa kimya, waliomba kuingizwa kwenye kesi nao wasikilizwe. Wasomi zaidi ya 300 waliwaandikia wachapishaji wakiwasihi waiache. Amartya Sen, mwenye Nobel ya uchumi ya mwaka 1998, ambaye vitabu vyake vinachapishwa na Oxford hao hao, naye akawaomba hivyohivyo. Fikirieni: mtunzi anamwambia mchapishaji wake, waacheni watoto wasome.

Tarehe 16 Septemba 2016, Jaji Rajiv Sahai Endlaw wa Mahakama Kuu ya Delhi aliitupa kesi. Sheria ya India ya mwaka 1957 inaruhusu kazi kunakiliwa katika mafundisho, na yeye akakataa kuyabana mafundisho ndani ya kuta nne za darasa. Akakumbusha pia enzi zake za kusomea sheria, wakati wanafunzi walipokuwa wakikaa maktabani na kunakili kurasa kwa mkono. Kama kalamu ilikuwa halali, mashine haijaigeuza kazi ileile kuwa dhambi. Desemba mwaka huohuo jopo la rufaa nalo lilishikilia kwamba kunakili kwa ajili ya mafundisho kunaruhusiwa, likarudisha swali la kama kilichonakiliwa kilihitajika kweli kwa somo. Machi 2017 wachapishaji wakaiondoa kesi wenyewe.

India si Tanzania, najua, na hukumu yao haitufungi. Ila kesi yao inatufikisha kwenye swali letu: kopi hii inamsomesha mtu, au inachukua nafasi ya kitabu sokoni? Dada wa steshenari alilielewa mara moja. "Basi akija mtu na kitabu kizima anataka nakala hamsini akauze, nimkatalie," akasema. Mwalimu mstaafu akatikisa kichwa kukubali. Nadhani jana walielewana kuliko wanasheria wengi.

Kuna jambo jingine linalosahaulika. Mkataba wa Marrakesh wa mwaka 2013 unazitaka nchi zilizouridhia ziwaruhusu wasioona, na wengine wasioweza kusoma maandishi ya kawaida, watengenezewe vitabu vya nukta nundu au vya sauti bila kumwomba mwenye hakimiliki. Kenya iliridhia 2017, Tanzania 2020. Mwanafunzi asiyeona akiambiwa leo asubiri kibali cha mchapishaji wa nje, anacheleweshwa na mtu asiyejua kwamba mlango umeshafunguliwa.

Na vitabu vya mtunzi wetu Shaaban Robert je? Alifariki mwaka 1962. Hakimiliki yetu hudumu maisha ya mtunzi na miaka 50 baada ya kifo chake, kwa hiyo kwa kitabu kama Kusadikika, alichokichapisha akiwa hai mwaka 1951, muda huo uliisha 2012. Jina lake libaki, maneno yake yasipotoshwe, lakini mkutubi anayemzuia mtoto asinakili ukurasa wa Kusadikika analinda kitu ambacho kwa sheria ni cha watu wote.

Sasa wewe mkutubi, dada yangu, kaka yangu, najua hukuibandika karatasi ile kwa ubaya. Uliogopa, au uliagizwa. Ing'oe kesho asubuhi kabla hujafungua mlango. Bandika kifungu chenyewe cha sheria, kwa Kiswahili, kwa herufi kubwa, na chini yake uandike kwamba kitabu kizima hakitolewi kopi. Mtihani wa yule kijana ni Jumatano.