Jinsi ya Kuwa Bingwa wa Historia ya Dar es Salaam Bila Kusoma Kitabu

Ndugu msomaji, sogea hapa tuzungumze taratibu. Umealikwa mahali. Huenda ni uzinduzi wa kitabu, huenda ni chakula cha jioni kwa shemeji aliyesoma mpaka akachoka, huenda ni kipindi cha redio ambacho mgeni wake halisi amepata dharura na wewe ndiye uliyekuwa karibu. Mada ni mji: Dar es Salaam ilianzaje, watu wake waliishije, nani alimnyonya nani, siasa ilipikwa mtaa gani. Vitabu vya mambo hayo vipo. Ni vizuri, ni vinene, na vingi vimeandikwa kwa Kiingereza cha chuo kikuu. Wewe hujasoma hata kimoja.

Usihofu. Wengi utakaokaa nao meza moja hawajavisoma pia, na roho zao zinadunda kama yako. Tofauti ni kwamba wewe una mwongozo huu.

1. Nunua, weka, kunja

Anza na kitabu kimoja kikubwa cha kuonekana. Pendekezo langu ni historia ya Tanganyika ya John Iliffe, iliyotoka mwaka 1979. Ina kurasa zaidi ya 600, na unene huo peke yake ni hoja. Kiweke mezani sebuleni, siyo kabatini. Kabatini kitaonekana pambo. Vunja mgongo wake kidogo. Kunja kona ya ukurasa ulio kwenye theluthi mbili ya kitabu, maana mwongo mchanga hukunja ukurasa wa ishirini, na mwongo mwenye tamaa hukunja wa mwisho. Ukipenda dondoshea chai, ila liwe tone moja. Unataka kuonekana msomi, hutaki kuonekana mchafu.

Mtego uliopo ni huu: Iliffe anaishia 1961, bendera ya uhuru inapopanda. Usije ukasema "kama Iliffe alivyoeleza kuhusu Azimio la Arusha". Azimio ni la 1967.

2. Beba miaka mitano

Mitano inatosha, ukizidisha utachanganya. 1870: anafariki Sultan Majid wa Zanzibar, aliyeanza kujenga mji kando ya kijiji cha Mzizima katika miaka ya 1860; mdogo wake, Barghash, hakuwa na haja nao, ukatelekezwa. 1891: Wajerumani wanahamisha makao makuu yao kutoka Bagamoyo kuja Dar. 1947: makuli wa bandarini wanagoma, na mgomo unasambaa na reli mpaka bara. 1954, tarehe 7 Julai: TANU inazaliwa Kariakoo. 1971: serikali inataifisha majengo ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000, na wengi wa waliopoteza ni Watanzania wenye asili ya Kihindi.

Sasa sikiliza namna ya kuitumia, maana hapa ndipo wengi huharibu. Usiitaje yote kwa mpigo kama mtoto anayetoa shairi shuleni. Subiri. Acha wengine wabishane kuhusu foleni, kodi za nyumba, wamachinga. Wakichoka, weka glasi chini na useme: "Kwa kweli, ukitaka kulielewa hili, lazima urudi 1947." Halafu kunywa maji. Watatikisa vichwa. Kama kuna mkorofi atakayeuliza kwa nini 1947, jibu neno moja tu: "Bandari."

Asili ya jina la Kariakoo usiitaje kabisa. Kila kondakta anaijua.

3. Shikilia kanda tatu

Ukikosa muda wa kujiandaa, ruka kila kitu uje hapa. Mji huu uligawanywa kwa sheria za ujenzi walizoanza nazo Wajerumani na Waingereza wakazitekeleza. Kanda ya kwanza, nyumba za mtindo wa Kizungu upande wa baharini: Uzunguni. Kanda ya pili, maduka na maghorofa ya biashara: Uhindini. Kanda ya tatu, nyumba za Kiswahili, kuanzia Kariakoo: Uswahilini. Katikati ya Uhindini na Kariakoo pakaachwa uwazi, ndiyo Mnazi Mmoja hiyo unayopita kila siku ukidhani waliacha nafasi ya mikutano.

Utamu wenyewe uko hapa: sheria ilitaja aina ya nyumba, haikutaja rangi ya mtu. Ilisema tu nyumba ya namna gani ijengwe wapi. Mwenye uwezo wa kujenga hivyo alijulikana. Sema jambo hilo kwa sauti ya chini, kama mtu anayefichua siri ya familia, na mtu wa pembeni yako atakuuliza umesoma wapi. Mjibu: "Liko mahali pengi." Hujadanganya.

Kanda tatu zinajibu kila swali. Kwa nini watu wanajenga mabondeni? Kanda tatu. Kwa nini Oysterbay kuna miti na Manzese hakuna? Kanda tatu. Kwa nini daladala zimejaa asubuhi upande mmoja na jioni upande mwingine? Hapo unavuta kidogo, lakini endelea tu, utafika.

4. Tafuta kitabu ambacho hakuna aliyekiona

Kila fani ina kitabu kinachotajwa kuliko kusomwa. Kwa Dar, kitabu hicho ni utafiti wa J. A. K. Leslie, ofisa wa serikali ya kikoloni aliyetumwa kuchunguza watu wa mji wanaishije. Ulichapwa mwaka 1963. Mtaje Leslie mara moja, mwanzoni, kisha usimtaje tena. Anayemtaja mara mbili huombwa maelezo.

5. Sema "wahuni" kabla ya wenzako

Andrew Burton aliandika kitabu kizima, kilichotoka 2005, juu ya vijana wasio na kazi katika Dar ya kikoloni. Hoja yake unaweza kuibeba mfukoni: serikali ilihitaji jasho la Mwafrika mjini, ila haikupenda aje kulala hapo. Kijana aliyekutwa hana kazi wala risiti ya kodi aliitwa mhuni, akakamatwa, akarudishwa kijijini kwao. Alirudi wiki ileile.

Sasa ongeza la kwako, utakalolitoa kama limekujia sasa hivi: baada ya uhuru, kamatakamata haikukoma. Wenye umri wanaikumbuka Nguvu Kazi ya 1983, watu walivyokuwa wakisombwa mitaani kupelekwa mashambani. Malizia hivi: "Ukoloni uliondoka, karandinga likabaki." Nakupa bure. Liseme polepole, uache nafasi ya watu kuguna. Usirudie kwenye meza nyingine usiku huohuo.

Kama mezani kuna mwanasiasa, karandinga liishie 1961.

6. Vumbua kwamba ulikuwa unasoma siku zote

Hii ndiyo hatua ninayoipenda, kwa sababu ni ya haki kidogo. Unakumbuka riwaya zile ulizosoma chini ya dawati mwalimu akifundisha logarithimu? Mapanga, mapenzi, tajiri wa Magomeni, binti kutoka bara? Ulichapwa kwa ajili yake. Leo ni chanzo cha kihistoria. Emily Callaci, katika kitabu cha 2017, amezichukua riwaya hizo za bei chee kwa uzito wote: vijana waliozitunga na kuzichapa wenyewe wakati wa Ujamaa, ofisi yao ikiwa mkoba wa mkononi, huku siasa rasmi ikisema Mtanzania wa kweli yuko kijijini na jembe lake. Serikali ilihubiri kijiji, watu wakahamia mjini, na wale vijana ndio walioandika ilivyokuwa.

Kwa hiyo usiseme tena "zamani nilipenda hadithi za kipelelezi". Sema "nimekuwa nikifuatilia fasihi pendwa ya mjini kwa miaka mingi". Ukiwa umesoma Dar es Salaam Usiku ya Ben Mtobwa, wewe ni mtafiti. Ukiwa uliisoma mara mbili, wewe ni mtafiti mwandamizi.

Na Kuli ya Shafi Adam Shafi, uliyoikariri kwa ajili ya mtihani? Itoe kabatini, ila angalia mguu wako. Kuli inahusu Zanzibar na mgomo wa 1948. Mgomo wa Dar ni wa 1947. Bahari iko katikati. Wapo watu waliozama hapo.

7. Pinga, lakini pinga kwa adabu

Msomi wa kweli hasifii tu. Lazima upinge kitu. Kwa vitabu vingi pingamizi moja linatosha: "Mwandishi ametegemea mno nyaraka za wakoloni." Ni kweli mara nyingi, na asiyekisoma hawezi kukukatalia. La pili: "Wanawake wako wapi?" Hilo ni zuri mno, ila hakikisha hapana mtu atakayekujibu kwa kitabu cha Susan Geiger cha 1997, kinachoonyesha jinsi Bibi Titi Mohamed na wenzake walivyoibeba TANU mabegani. Ukijibiwa hivyo, usirudi nyuma. Sema: "Ndicho hasa nilichokuwa namaanisha."

Penye moto ni kitabu cha Mohamed Said cha 1998 juu ya maisha ya Abdulwahid Sykes. Hoja ya kitabu ni kwamba historia rasmi imewafuta watu wa mjini kama yeye, hasa Waislamu, waliokuwa na harakati kabla Nyerere hajaja kukaa Dar. Baba yake Abdulwahid, Kleist, alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa African Association mwaka 1929. Hapa watu hupandisha sauti, na wengine wana babu zao ndani ya hadithi. Usichague upande kabla hujajua ni nani aliyepika pilau unalokula. Ukishamjua, chagua kwa ujasiri mkubwa.

8. Ukikutana na Mkenya

Atataka kuleta Nairobi. Mwache alete. Reli ilifika 1899, sema hivyo. Kisha mtaje Luise White, aliyeandika mwaka 1990 jinsi malaya wa Nairobi ya kikoloni walivyojikusanyia akiba wakajenga na kuwa wenye nyumba. Atanyamaza kidogo akitafakari. Kabla hajamaliza kutafakari, muulize nauli ya matatu siku hizi ni kiasi gani.

9. Mwogope bibi, siyo profesa

Nimekuchelewesha kwa makusudi kufika hapa. Profesa hatakukamata. Naye ana wiki nzima ya kusahihisha mitihani, na vitabu vingine anavijua kwa faharasa tu, kama wewe. Atakayekukamata ni bibi mmoja wa Gerezani au Ilala, amekaa pembeni na kanga yake, hajasema kitu tangu saa kumi na mbili. Huyu hajasoma kitabu. Yeye alikuwepo. Aliiona nyumba ya jirani ikitaifishwa, alipanga foleni ya sukari, anajua ni nani alikuwa TANU kweli na nani aliingia baadaye akadai kuianzisha.

Akikugeukia, acha miaka yako yote mitano. Salimia kwanza.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Wewe ndiye unayesema habari za Kariakoo?"

"Wenyewe mpo, bibi, mimi nitasema nini? Kwani ninyi mlikuwa mtaa gani?"

Basi, umeokoka. Ataanza na mtaa, atakwenda kwa mwenye nyumba, kwa mume wa kwanza, kwa dansi la Jumamosi, kwa siku polisi walipofunga barabara. Saa mbili zitapita. Utakachosikia hakimo kwa Iliffe, hakimo kwa Leslie, na ukikitoa kesho mbele ya profesa atatoa kalamu.

10. Usifungue faharasa

Onyo la mwisho, na hili nalitilia mkazo. Usiku mmoja umeme utakatika, simu itaisha chaji, na kile kitabu kitakuwa pale mezani na tone lake la chai. Utashawishika kuwasha mshumaa na kutafuta mtaa wenu kwenye faharasa. Usijaribu. Utaukuta. Utasoma ukurasa mmoja ujue kuna nini, halafu wa pili, na alfajiri itakukuta umefika mgomo wa bandari na unataka kujua ulivyoisha.

Kama unataka kuwa salama, tafuta mtu aliyekisoma kweli. Mnunulie kahawa na kashata, msikilize mpaka aishiwe, halafu maneno yake yaseme kama yako kwenye meza nyingine. Ila kwanza tazama vizuri nani amekaa kwenye meza hiyo.